Tuwaandike washambuliaji wetu wa kwanza wangali hai

Mtajie Mkenya yeyote wa rika langu jina la Kadenge, naye atamalizia mwenyewe: "na mpira." Hahitaji kufikiri. Nimelijaribu jambo hili ndani ya matatu kutoka Kitui kwenda Wote, kwenye foleni ya benki, hata matangani, na jibu ni lile lile. Lakini mwulize mtu huyo huyo Kadenge alifunga mabao mangapi, aliwafunga akina nani, alianza kuchezea timu ipi na akastaafu lini. Utamwona anatazama pembeni. Mshambuliaji aliyependwa kuliko wote katika Kenya ya zamani tumemhifadhi kwa maneno matatu ya redio. Jambo hilo linaniuma, na linaniuma zaidi nikikumbuka kwamba maneno hayo matatu ni mengi kuliko tuliyowawekea washambuliaji wa kwanza wa huku kwetu Ukambani. Hao hata moja hawana.

Mimi ni mwalimu mstaafu. Nilifundisha Kitui, kisha Makueni, na karibu kila shule niliyopelekwa nilikabidhiwa chaki pamoja na timu ya kandanda. Nimewapanga vijana uwanjani, nimewatafutia nauli ya kwenda mashindano ya wilaya, nimewafunga vidonda kwa leso zangu. Mpira wa vijijini naujua kwa ndani. Ndiyo maana naandika kuwaomba viongozi wa kaunti hizi mbili, na jamaa za wachezaji wenyewe, tuanze kuyaandika maisha ya watu waliotufungia mabao ya kwanza kabla hawajatuacha.

Nitaanza mbali kidogo, kwa sababu mfano wa mbali ndio ulionichoma. Kulikuwa na Mjamaika aitwaye Gil Heron. Alizaliwa Kingston mwaka 1922, akahamia Amerika Kaskazini akiwa kijana, akacheza soka ya kulipwa Detroit na Chicago. Mwaka 1951 akasajiliwa na Celtic ya Glasgow, Uskoti. Tarehe 18 Agosti mwaka huo alicheza mechi yake ya kwanza. Celtic iliilaza Morton 2-0 na yeye akafunga. Basi. Kwa jumla alivaa jezi ya Celtic katika mechi tano za mashindano, akafunga mabao mawili, akaachwa. Akapita Third Lanark na Kidderminster Harriers, kisha akarudi Marekani, na alifariki Detroit mwaka 2008. Wengine watamjua kwa mwanawe, Gil Scott-Heron, mshairi na mwanamuziki.

Mechi tano! Hata hivyo leo, zaidi ya miaka sabini baadaye, mtu wa Glasgow anaweza kukutajia siku, mpinzani na matokeo. Wanajua kwamba walimwita Mshale Mweusi. Hawakumwandika kwa kuwa alikuwa gwiji wa magwiji. Walimwandika kwa kuwa kwao kila anayevaa jezi huandikwa, awe wa mechi mia tatu au wa mechi moja.

Mjamaika mwingine, Lindy Delapenha, alikuwa Portsmouth ilipotwaa ubingwa wa Uingereza mwaka 1949 na 1950, kisha akaifungia Middlesbrough mabao 93. Alipomaliza kucheza alirudi nyumbani Jamaika akawa mtangazaji wa michezo, akakaa kwenye maikrofoni miaka mingi hadi watoto ambao hawakumwona akicheza wakaijua sauti yake. Alifariki Januari 2017. Kwa hiyo kisiwa kidogo, ambacho kina watu pungufu sana kuliko Kenya, kinaweza kukuhesabia mabao ya mwanawe aliyecheza ughaibuni enzi za babu zetu.

Tazama sasa kwetu. Tarehe 4 Oktoba 1961, jijini Nairobi, Kenya iliikung'uta Zanzibar 10-0. Ndio ushindi mkubwa kuliko wote wa timu yetu ya taifa. Miaka minne baadaye, tarehe 12 Desemba 1965, sikukuu ya Jamhuri, Ghana walikuja Nairobi wakiwa wametoka kutwaa Kombe la Afrika kule Tunis mwezi uliotangulia, wakatufunga 13-2. Ndicho kipigo kikubwa kuliko vyote. Hayo ni mabao ishirini na matano katika mechi mbili, na matokeo yake yamehifadhiwa vizuri. Waliofunga yale kumi ni akina nani? Mwulize shabiki yeyote wa leo aliyekaa na jezi yake ya Arsenal mbele ya runinga. Na ile siku ya 13-2, nani alipenya ngome ya mabingwa wa Afrika mara mbili? Kumfunga bingwa wa Afrika si jambo dogo, hata kama mwisho wa siku umebeba gunia la mabao. Matokeo tumeyaweka, watu tumewatupa.

Joe Kadenge alizaliwa mwaka 1935 huko Vihiga. Aliichezea Maragoli United, kisha Abaluhya, klabu iliyoundwa mwaka 1964 ambayo leo tunaiita AFC Leopards. Ligi ya taifa ilikuwa changa. Ilianza mwaka 1963 na Nakuru All Stars wakawa mabingwa wa kwanza. Mwaka uliofuata Luo Union, halafu Feisal ya Mombasa, halafu Abaluhya wakalibeba kombe mara mbili mfululizo, 1966 na 1967. Kadenge alikuwa mmoja wa nyota waliolijenga jina la klabu hiyo. Aliichezea pia Kenya katika Kombe la Gossage, lile shindano lililoanza mwaka 1926 kati ya Kenya na Uganda na kupewa jina la kampuni ya sabuni, ambalo Tanganyika na Zanzibar waliingia baadaye.

Sifa yake ilikuwa chenga. Waliomwona wanasema mpira ulimtii. Alikuwa na mbio na akili ya kusubiri hadi beki aweke uzito wote kwenye mguu mmoja, ndipo apite upande wa pili. Nilipokuja kuwa kocha wa shule nililitumia somo hilo hilo kwa vijana wangu: usimtazame beki usoni, tazama mguu gani unabeba mwili. Sikulisoma kitabuni. Nililipata kwa wazee waliosimama kando ya uwanja wakimzungumzia Kadenge.

Mimi mwenyewe nilimjua kwa masikio. Nilikulia upande wa Mutomo, kusini mwa Kitui, ambako mvua ikikataa inakataa kweli. Mjomba wangu alikuwa na redio ya transista, na betri zikichoka tulizianika juani juu ya jiwe zipate nguvu ya alasiri moja. Kulikuwa na sheria nyumbani: siku ya mpira hakuna kusikiliza salamu wala muziki asubuhi, betri zisije zikafa kabla ya mechi. Wanaume walikaa kwenye vigoda chini ya mwembe, sisi watoto tukalala kifudifudi karibu na spika, na sauti ya mtangazaji Leonard Mambo Mbotela ikaja kutoka Nairobi. Sauti ya Kenya wakati ule ilisikika ikienda na kurudi kwa upepo. Maneno yalipotea katikati, lakini jina halikupotea. Kadenge na mpira. Kadenge na mpira. Ukisikia amelirudia mara ya tatu na sauti imepanda, wanaume walikuwa wameshainuka kutoka kwenye vigoda.

Baadaye tulikwenda kwenye uwanja wetu, ambao ulikuwa kitanda cha mto uliokauka, na mpira wetu wa matambara uliosokotwa kwa kamba za mkonge. Kila mmoja alitaka kuwa Kadenge. Ugomvi wa kwanza ulikuwa huo, kabla hata ya kugawana timu. Hatukujua Vihiga iko wapi. Hatukuwahi kujiuliza mtu huyu ni wa kabila gani, ingawa klabu yake ilibeba jina la kabila lake wazi wazi. Mtoto wa Kikamba aliyekuwa akichunga mbuzi karibu na Ikutha alimchukua kijana wa Maragoli akamfanya wake, kwa sababu ya sauti moja ya mtu wa Mombasa aliyejua kutangaza. Wanasiasa wanaotuhubiria umoja kila uchaguzi wangejifunza hapo.

Mbotela alifariki tarehe 7 Februari 2025. Taifa lilimlilia, na ilistahili. Wengi walikumbuka "Je, Huu ni Ungwana?", kipindi chake cha miaka mingi cha kutufunza adabu. Mimi nilikumbuka kwamba alifanya kazi ambayo vyama vya mpira havikuifanya: alimpa mchezaji jina lisilokufa. Lakini sauti ya redio haina ukurasa wa kufungua. Ilipita hewani ikaisha. Kwa mtu mmoja ilibaki, kwa sababu ilirudiwa mara elfu. Kwa wengine kumi waliokuwa uwanjani pamoja naye, na wengine mamia waliocheza mechi zisizotangazwa, haikubaki kitu.

Na hata huyo aliyebaki, tulimtendea nini? Kadenge alipoacha kucheza alifundisha mpira, na mwaka 2002 aliwahi kuinoa Harambee Stars. Pia aliendesha teksi Nairobi kutafuta riziki. Kuendesha teksi ni kazi halali na sioni aibu ndani yake hata kidogo. Kinachonisumbua ni kuwa abiria wangapi walipanda gari lake, wakamlipa, wakashuka, bila kujua ni nani aliyeshika usukani. Alifariki tarehe 7 Julai 2019 akiwa na miaka themanini na minne. Ndipo risala zikamiminika, na Kaunti ya Nairobi ikatangaza kuupa jina lake uwanja wa City ulio kando ya barabara ya Jogoo. Jina uwanjani ni heshima, na naipongeza kaunti hiyo. Lakini mtoto atakayeingia uwanja huo kesho ataona ubao wenye jina, asipate mahali pa kusoma mtu mwenyewe alifanya nini.

Sasa nirudi Ukambani, maana huku ndiko kidonda changu kiliko.

Vijana wa Kitui na Makueni walicheza mpira tangu zamani. Walijiunga na jeshi na polisi kwa wingi, wakafanya kazi reli, wakaajiriwa kwenye mashamba ya mkonge ya Kibwezi, na popote palipokuwa na kambi ya kazi palikuwa na uwanja na milingoti miwili kila upande. Wengi walicheza huko. Mfungaji wa Kikamba angefunga mabao yake kwa jina la kikosi au la mwajiri, na kijijini kwao habari zingefika kwa mdomo likizoni. Katika orodha ya mabingwa wa ligi tangu 1963 hutaona klabu yenye jina la Kitui wala Makueni. Kwa hiyo mtu akitafuta historia yetu ya soka kwa kufuata majina ya klabu, atahitimisha kwamba hatukuwa na historia.

Kuna jambo jingine ambalo watu husahau. Makueni ilikuwa sehemu ya wilaya ya Machakos hadi mwaka 1992. Kijana wa Kilungu au Makindu aliyecheza vizuri miaka ya hamsini na sitini aliandikwa Machakos, kama aliandikwa. Leo Kaunti ya Makueni ikitafuta wachezaji wake wa zamani katika makaratasi haitawapata kwa jina la Makueni. Itabidi iwatafute kwa kijiji, kwa ukoo na kwa mdomo wa wazee, na wazee hao wanapungua kila msimu wa baridi.

Nilipokuwa nikifundisha Makueni, kulikuwa na hoteli moja ndogo kando ya barabara kuu niliyopenda kunywa chai, na ukutani palitundikwa picha ya timu. Vijana kumi na mmoja: sita wamesimama, watano wamepiga goti, na mbele yao mpira wa ngozi wa ile aina iliyofungwa kamba mdomoni. Wengi wako miguu mitupu. Aliye katikati ya mstari wa mbele ameushika mpira kwa mikono miwili, kidevu juu, kama mtu anayejua thamani yake. Nilimwuliza mwenye hoteli hawa ni nani. Akasema aliikuta picha hapo alipoinunua hoteli, akaiacha kwa kuwa inapendeza. Tuliishusha, tukaigeuza. Nyuma palikuwa na majina yaliyoandikwa kwa wino, na wino ulikuwa umekula karatasi na kusambaa. Tuliweza kusoma herufi chache na neno moja zima: Makindu.

Nikaenda Makindu. Pale karibu na hekalu la Masingasinga, lililojengwa mwaka 1926 na ambalo mpaka leo humlisha msafiri yeyote bila malipo, nilielekezwa kwa mzee mmoja aliyefanya kazi reli ujanani. Aliishika picha, akaisogeza mbali na macho, akaileta karibu, kisha akaweka ukucha juu ya yule kijana wa katikati. "Huyu ni mimi, mwalimu."

Alikuwa namba tisa. Tulikaa hadi jua likazama. Alinitajia wenzake tisa kati ya kumi. Mmoja alikataa kabisa kumjia, na jambo hilo lilimuudhi kuliko miguu yake iliyokuwa ikimwuma. Alinieleza kwamba hakupenda viatu vya mpira kwa sababu mguu mtupu "unaujua mpira", lakini timu za mjini zilipokuja na njumu alijifunga vitambaa kwenye vidole na kifundo. Bao alilolipenda kuliko yote alinionyesha kwa bakora yake: mpira umetoka kulia, yeye amempa beki mgongo, ameuacha upite katikati ya miguu yake mwenyewe, akageuka, akaupiga kabla haujatulia. Aliiweka bakora chini, akageuka kweli, pale uani, na mjukuu wake wa kike akakimbia kumshika asianguke. Nikamwuliza mjukuu kama aliwahi kusikia habari hizo. Akasema ndiyo mara ya kwanza.

Niliyaandika yote kwenye daftari la shule na majina yote tisa. Mzee huyo amekwisha kufariki. Jina lake silitaji hapa kwa kuwa ni la jamaa yake kulitoa, nami nimewapa nakala ya niliyoyaandika. Lakini fikirini: mfungaji wa timu aliyecheza miaka mingi kando ya reli, aliyesifiwa kutoka Emali hadi Mtito Andei, amebaki kwenye daftari la mwalimu mmoja kwa sababu tu mwalimu huyo alipenda chai ya hoteli fulani. Ni wangapi ambao hawakupata bahati hiyo?

Tarehe 20 Oktoba 2025 Sikukuu ya Mashujaa iliadhimishwa kitaifa hapa Kitui, katika uwanja wa Ithookwe. Ilikuwa siku ya majonzi pia, maana Raila Odinga alikuwa amezikwa Bondo siku iliyotangulia. Uwanja ulikuwa umekarabatiwa, barabara zikasafishwa, watu wakaja kutoka pande zote. Nilifurahi kama mtu wa Kitui. Nilifurahi pia kwamba hatimaye tuna mahali ambapo kijana wetu anaweza kucheza mbele ya watu walioketi vizuri. Lakini hapo Ithookwe hakuna ukuta wowote unaomwambia kijana huyo ni nani walicheza kabla yake. Sheria ya Mashujaa wa Kenya ya mwaka 2014 inawatambua pia wanamichezo. Sheria ipo, uwanja upo, sikukuu imekuja hadi mlangoni petu. Kilichokosekana ni majina, na majina hayaletwi na serikali ya Nairobi. Yako kwetu.

Linganisha na vijana wa leo. Tarehe 10 Agosti 2025 Ryan Ogam alipoifunga Morocco katika mashindano ya CHAN, bao lile lilikuwa kwenye simu za watu wa Mutomo kabla mashabiki wa Kasarani hawajakaa tena vitini. Litabaki hapo. Miaka hamsini ijayo mtoto ataliona. Ogam hana haja ya kumtafuta mwalimu mstaafu mwenye daftari. Wenye haja ni wale waliocheza wakati ambapo kamera ilikuja kijijini mara moja kwa mwaka, na mpiga picha akadai hela mapema.

Najua nitakaloambiwa. Nitaambiwa kwamba kaunti zetu zina kiu, kwamba watu bado wanasubiri maji ya Bwawa la Thwake, kwamba mama anayetembea kilomita nyingi na mitungi mgongoni mwa punda hana habari na namba tisa wa mwaka 1958. Hoja hiyo naiheshimu, kwa kuwa nimekulia katika kiu hiyo. Lakini sisi hatuombi fedha za bwawa. Kumrekodi mzee kunahitaji simu, daftari, nauli ya boda na saa mbili za uvumilivu. Fedha zinazotumika kuweka hema na viti kwenye sherehe moja ya kukabidhi mipira kwa vijana wakati wa kampeni zingetosha kata nzima. Na wale wale wanaosema historia haijazi tumbo huwa hawakosi kwenye maziko ya mchezaji wa zamani, wakishika kipaza sauti na kumwita nguli. Wangemwita akiwa hai, angewaambia waliyokosea.

Wala jambo hili si hisani. Jedwali la Nne la Katiba ya 2010 limezikabidhi kaunti michezo, utamaduni, maktaba na makumbusho. Vyote vinne viko mikononi mwa Kitui na Makueni tangu ugatuzi ulipoanza mwaka 2013. Kwa hiyo naomba mambo ambayo yanawezekana mwaka huu, bila kungoja bajeti kubwa. Idara za michezo za kaunti zote mbili ziwaagize maafisa wao wa kata waorodheshe wanaume na wanawake waliocheza kabla ya 1980, kwa jina, kijiji na timu. Nasema wanawake makusudi, maana shuleni nimewaona wasichana wenye mguu wa bao ambao hakuna aliyewahi kuwaulizia baada ya Kidato cha Nne. Chuo Kikuu cha South Eastern Kenya kipo Kwa Vonza, na wanafunzi wake wanatoka katika vijiji hivi hivi. Wapewe kazi ya likizo ya kuwarekodi babu zao, kwa Kikamba, bila kuwalazimisha wazee Kiswahili cha redio. Musyi FM na Mbaitu FM wana masikio ya Ukambani yote. Nusu saa kila wiki, mzee mmoja, mpigaji simu anayemkumbuka, basi. Tukifanya hivyo hata mwaka mmoja tu tutakuwa na hazina. Na ukuta wa Ithookwe uandikwe majina, na uwanja wa Wote vivyo hivyo.

Barabara ya lami sasa inatoka Kibwezi, inavuka mto Athi, inapita Ikutha na Mutomo hadi Kitui mjini. Zamani safari hiyo ilikula siku nzima, na mvua ikinyesha ilikula mbili. Afisa wa michezo wa Kitui na mwenzake wa Makueni wanaweza kukutana asubuhi, wakala chakula cha mchana pamoja, na kila mmoja akarudi kwake mapema. Hawana sababu ya kufanya kazi hii kila mmoja peke yake, kwa sababu wachezaji wenyewe hawakujua mpaka huo. Walivuka Athi kwa miguu, mpira kichwani, wakacheza, wakarudi.

Nawe msomaji, usingoje kaunti. Kama una babu, mjomba au jirani ambaye watu husema aliwahi kucheza, mtembelee Jumapili hii. Mwulize alicheza namba gani, timu ipi, alivaa nini miguuni, nani alimkaba vibaya, na bao lipi halimtoki akilini. Mpe muda, majina huja polepole. Ukipata picha, mkae pamoja umwombe akutajie kila mtu kuanzia kushoto, kisha uyaandike majina hayo nyuma ya picha kwa penseli, usitumie wino.